Qiu Jin na Kasha la Vito: Nani Alilipia Mapinduzi?

Ndugu zangu, mabibi na mabwana,

Anayetafuta habari za Qiu Jin, yule mwanamke mshairi na mwanamapinduzi wa China, hukutana kwanza na picha. Mwanamke kavaa kimono, kashika sime fupi ya Kijapani, na jicho lake halipepesi. Halafu hukutana na mstari mmoja wa shairi alioandika muda mfupi kabla ya kukatwa kichwa. Picha na mstari, basi, na watu hurudi makwao wakiamini wameshamjua.

Leo naomba tuiweke sime kando, tufungue daftari la hesabu. Mapinduzi hula fedha. Mpiga chapa hadai shukrani, anadai pesa. Nauli ya meli hulipwa kabla ya kupanda, na bunduki ndiyo usiseme. Qiu Jin alizaliwa mwaka 1875, akauawa 1907 akiwa na miaka 31, na katika miaka yake mitatu ya mwisho alikwenda Japani kusoma, akaanzisha majarida mawili, akaongoza shule na akapanga jeshi. Mume wake hakuwa mfadhili wa mambo hayo. Fedha zilitoka wapi? Kwa sehemu kubwa zilitoka katika makasha ya vito ya wanawake, kwanza la kwake, kisha la rafiki yake.

Jina lake hutamkwa karibu na "Chiu Jin". Kwa Wachina ukoo hutangulia, kwa hiyo Qiu ni ukoo na Jin ndilo jina. Ukikuta kitabu kinachosema alizaliwa 1877 au 1879, usishangae. Watafiti wengi siku hizi wanashika 1875. Kwao ni Shaoxing, mji wa mifereji na madaraja katika jimbo la Zhejiang, kusini ya Shanghai. Babu yake na baba yake walikuwa maofisa wa dola ya Qing, ukoo wa Wamanchu uliotawala China wakati ule, watu wa kuhamishwa kutoka kituo hadi kituo, na binti huyo alikulia humo humo katika safari. Alisomeshwa nyumbani pamoja na kaka yake, akajua mashairi ya kale. Kwa ndugu wa mama yake alijifunza kupanda farasi na kucheza upanga.

Na miguu yake ilifungwa. Hapa lazima tusimame, kwa sababu tukilipita jambo hili kwa neno moja tu, "mila", hatutaelewa kwa nini kila alichokiandika baadaye kinarudi miguuni.

Mtoto wa kike alianza kufungwa akiwa na miaka mitano hivi, wengine minne, wengine saba. Miguu ililowekwa katika maji ya moto ili nyama ilegee, kucha zikakatwa hadi mwisho. Kisha vidole vinne vidogo vilikunjwa kuelekea chini ya wayo; kidole gumba kiliachwa peke yake. Ukanda wa kitambaa, mwembamba kama upana wa vidole vitatu na mrefu kiasi cha mita tatu, ulipitishwa juu ya vidole, ukazungushwa nyuma ya kisigino, ukarudishwa mbele, ukivutwa kila mzunguko. Lengo la mwisho lilikuwa kisigino na vidole vikaribiane hadi upinde wa mguu uvunjike. Kitambaa kilifunguliwa, mguu ukaoshwa, ukafungwa tena kwa nguvu zaidi, na mtoto akalazimishwa kutembea ili uzito wake mwenyewe umalize kazi. Hayo yaliendelea kwa miaka miwili au zaidi. Mguu uliosifiwa ulikuwa wa inchi tatu za Kichina, kama sentimita kumi. Kilichoharibika mara nyingi kilikuwa ukucha: uliota ukaingia nyamani, ukaleta usaha, na damu isipopita vizuri kidole kilioza. Wapo waliopoteza vidole, na wapo waliokufa kwa donda ndugu.

Kufungua nako kulikuwa na taabu yake. Mguu uliokwisha kuvunjika haurudi kama ulivyokuwa. Ukiondoa kitambaa kwa ghafla, damu hurudi kwa kishindo, mguu huvimba, na ule wayo uliozoea kubanwa hauwezi kuubeba mwili. Aliyetaka kufungua alilegeza kidogo kidogo kwa miezi, akavaa viatu vikubwa vilivyojazwa pamba. Qiu Jin alifungua yake akiwa mtu mzima, mama wa watoto wawili, mnamo 1904. Kwa hiyo mkisikia kwamba alipita mitaani Shaoxing juu ya farasi, mkumbuke ni miguu gani iliyokuwa ndani ya zile buti.

Aliozwa mwaka 1896, kwa mpango wa wazazi, kwa Wang Tingjun, kijana wa familia tajiri ya Xiangtan katika jimbo la Hunan. Miongoni mwa biashara za familia ile ilikuwamo nyumba ya rehani. Jambo hilo mliweke akilini. Mtoto wa kiume alizaliwa 1897 na wa kike 1901. Mume akanunua cheo cha serikali mjini Beijing. Ndiyo, alikinunua, dola ya Qing ilikuwa ikiuza vyeo kihalali, kwa bei iliyopangwa, ili kujaza hazina. Na hazina ilikuwa na pengo kweli. Baada ya vita vya mwaka 1900, majeshi ya nchi nane za kigeni yalipoingia Beijing, mkataba wa 1901 uliitoza China fidia ya wakia za Kichina milioni 450 za madini ya fedha, kulipwa kwa miaka 39. Wakia moja kwa kila Mchina, kwa hesabu ya watu wa wakati ule. Huo ndio mji aliohamia Qiu Jin, mji wa kuta zilizotobolewa na mizinga.

Jirani yake pale alikuwa Wu Zhiying, mwanamke maarufu kwa mwandiko wake wa brashi. Nyumbani kwake magazeti mapya yalifika, na Qiu Jin akayasoma. Wakaapizana kuwa ndugu. Ndoa ya Qiu Jin, kwa upande mwingine, ilikuwa imeoza. Alipotaka kwenda kusoma Japani mumewe alimnyima fedha na, kwa masimulizi ya marafiki zake, akachukua hata vito vyake ili asipate nauli. Kwa desturi, vito alivyokuja navyo bibi harusi vilikuwa vyake. Ndiyo mali pekee ambayo mwanamke wa tabaka lile angeweza kuigeuza fedha bila kumwomba mtu ruhusa. Alichobaki nacho akakiuza na kukiweka rehani. Mke wa ukoo wenye nyumba ya rehani!

Aliondoka majira ya joto ya 1904, akisafiri na Hattori Shigeko, mke wa profesa Mjapani aliyekuwa akifundisha Beijing. Shairi lake la wakati ule linaitaja hesabu yote waziwazi. Maana yake ni hivi: vipuli na pini za nywele nimeziweka rehani nivuke bahari, damu yangu nimeiacha nyuma, kwa kuifungua miguu naosha sumu ya miaka elfu, na kitambaa changu cha hariri, nusu ni alama za damu, nusu ni machozi.

"Damu yangu" ni wale watoto wawili, mmoja wa miaka saba, mwingine mitatu. Wapo wanaoandika habari zake wakapaka sukari mahali hapa. Hakuna haja. Aliwaacha, aliumia, na hakugeuka. Mume mwanamapinduzi aliyeondoka vivyo hivyo, na walikuwa wengi, hakuna aliyemhoji juu ya watoto.

Tokyo ya 1904 na 1905 ilijaa wanafunzi wa Kichina kwa maelfu. Wanawake walikuwa wachache mno. Qiu Jin alianza na lugha, kisha akaingia shule ya wasichana ya Jissen ya Bi Shimoda Utako, mwalimu aliyetaka kuwatoa wanafunzi wawe wake wema na mama wenye hekima. Mwanafunzi huyu alikuja akiwa na sime kiunoni na suruali ya kiume. Alijiunga na chama cha Guangfuhui, maana yake Chama cha Kurejesha, kisha mwaka huo huo wa 1905 na Tongmenghui, muungano wa wanamapinduzi ulioongozwa na Sun Yat-sen. Akajiita Jingxiong, yaani "mshindani wa wanaume".

Lakini nyaraka mbili za wakati ule zinanivutia kuliko mavazi. Zote zilitoka katika jarida dogo alilolianzisha Tokyo mwaka 1904, kwa Kichina cha mazungumzo. Hilo lilikuwa uamuzi mzito. Maandishi rasmi ya China yalikuwa kwa lugha ya kale ambayo hata aliyekwenda shule miaka kumi angeweza kukwama nayo, na ukimsomea kwa sauti mpishi wako hataambulia kitu. Qiu Jin alitaka mpishi aambulie. Waraka wa kwanza ni wito kwa wanawake milioni 200 wa China, na ndani yake anafuata maisha ya msichana hatua kwa hatua: baba anayenung'unika siku ya kuzaliwa, jozi ya vitambaa vyeupe vya miguu, mshenga mwongo, mume mbaya anayeambiwa ni malipo ya dhambi za maisha yaliyopita. Halafu anageuka na kuwaambia wanawake wenyewe kwamba walikaa wakisubiri kulishwa, na kwamba hilo nalo ni kosa lao. Hakuwabembeleza.

Waraka wa pili unahusu faida za hotuba, na kwa kuwa tuko katika hotuba mtaniruhusu niutaje. Anasema gazeti ni jema, lakini asiyejua kusoma linamsaidia nini? Hotuba yaweza kutolewa mahali popote, wakati wowote. Haina kiingilio, basi watakuja wengi. Mwanamke na mtoto wasiojua herufi wataelewa. Na chombo chake ni ulimi wa inchi tatu tu, hakihitaji jeshi wala michango. Sikilizeni hoja hizo kwa sikio la mhazini: mbili kati yake ni hoja za fedha. Mtu aliyeuza vipuli vyake alijua bei ya karatasi.

Alirudi China mapema 1906, baada ya serikali ya Japani kutoa kanuni za kuwabana wanafunzi wa Kichina na mwenzao Chen Tianhua kujizamisha baharini kwa kupinga, Desemba 1905. Wanafunzi waligawanyika, warudi au wabaki. Inasimuliwa kwamba Qiu Jin alichomeka sime mezani mbele ya mkutano na kuwaonya watakaosaliti. Tumesema sime tunaiweka kando.

Katika mji wa Nanxun alifundisha kwa muda mfupi shule ya wasichana. Mwalimu mkuu alikuwa mjane mshairi, Xu Zihua. Urafiki wao ndio mhimili wa yote yaliyofuata. Qiu Jin hakudumu pale. Maneno yake yalikuwa makali kupita kiasi kwa wenye shule. Akaenda Shanghai, ambako jaribio la kutengeneza mabomu na wenzake liliishia kwa mlipuko uliomjeruhi. Kisha akarudi kwenye kazi aliyoiweza zaidi, uchapishaji.

Jarida lake la pili, *Zhongguo Nübao*, yaani Gazeti la Wanawake wa China, lilitoka Shanghai tarehe 14 Januari 1907. Mpango wake wa fedha tunaujua kwa sababu yeye mwenyewe aliutangaza. Alitaka mtaji wa yuan 10,000, fedha ya China, kwa hisa za yuan 20 kila moja, yaani hisa 500. Tangazo likawekwa gazetini, na nakala za masharti zikatumwa kwa shule za wasichana. Akasubiri. Baadaye aliwaandikia wasomaji kwamba siku zilipita na, ukiondoa watu wanne watano, hakuna hata aliyekuja kuuliza.

Kwa nini? Yuan 20 hazikuwa fedha ndogo, lakini tatizo lilikuwa nani anashika mfuko. Shule za wasichana ziliendeshwa kwa hisani ya wenye ardhi na maofisa, na walimu wake hawakuwa tayari kuonekana katika orodha ya wenye hisa wa jarida la mwanamke anayevaa suruali. Wake wa matajiri walikuwa na vito, lakini fedha taslimu zilipita mikononi mwa waume. Hisa ni chombo cha mtu mwenye fedha zake. Qiu Jin aliwapelekea chombo hicho watu ambao sheria na desturi zilikuwa zimewanyima fedha, kisha akashangaa. Hapa, kwa heshima zote, alikosea hesabu. Kilicholiokoa jarida ni Xu Zihua na mdogo wake, waliotoa yuan 1,500 mfukoni mwao. Toleo la pili likatoka Machi. La tatu halikutoka.

Sambamba na jarida alikuwa akiandika tanci, hadithi ndefu ya mashairi na nathari ambayo kwa kawaida huimbwa na kusimuliwa kwa ala za nyuzi, na ambayo wanawake wa kusini ya mto Yangzi waliipenda sana. Watu wa mwambao wetu wataielewa mara moja, maana utenzi nao huishi sikioni mwa asiyeshika kitabu. Alipanga sura 20. Zilizobaki hazifiki nusu. Jina la hadithi hiyo linatokana na ndege Jingwei wa hadithi za kale, msichana aliyezama baharini akageuka ndege, akawa anabeba kokoto moja moja ili aijaze bahari.

Mwanzoni mwa 1907 akachukua uongozi wa shule ya Datong, Shaoxing. Shule hii iliasisiwa 1905 na Xu Xilin na wenzake wa Guangfuhui, na namna ilivyojificha inastahili sifa: haikujificha. Iliandikishwa rasmi. Dola ya Qing ilikuwa ikihimiza shule za kisasa zenye mazoezi ya viungo, basi Datong ikafungua kozi ya mazoezi ya miezi sita, na viongozi wa vyama vya siri kutoka milimani wakaja kuwa "wanafunzi". Xu Xilin aliomba kibali cha kununua bunduki za mazoezi, akakipata, akarudi kutoka Shanghai na bunduki 50 na risasi 20,000. Risasi 400 kwa kila bunduki ya mazoezi ya viungo! Hakuna ofisa aliyegawanya. Katika uongozi wa Qiu Jin, mkuu wa mkoa, Gui Fu, alialikwa kwenye sherehe ya kufungua muhula, akaja, akaandika mistari miwili ya sifa iliyofumwa kwa herufi za jina lake la Jingxiong. Kumbukeni mistari hiyo.

Vikosi vyake aliviita Jeshi la Kurejesha, akavigawa vinane, kila kimoja kikibeba herufi moja ya kaulimbiu ya herufi nane: kulirejesha taifa la Wahan na kuikuza haki ya nchi. Niseme wazi kwamba Wahan, kabila kubwa la Wachina, ndio waliokusudiwa, na Wamanchu, ukoo wa watawala, ndio maadui. Chuki hiyo ilikuwa ya kabila kama ilivyokuwa ya utawala, na mashairi yake yana maneno juu ya Wamanchu ambayo leo hayasomeki kwa raha.

Mpango ulikuwa huu. Mkoa wa Jinhua uinuke kwanza, Chuzhou ufuate. Majeshi ya serikali yatatoka Hangzhou, makao makuu ya jimbo, kwenda kuzima moto. Hangzhou ikibaki tupu, watu wa Shaoxing wavuke mto Qiantang waishambulie, wakisaidiwa na wenzao walio ndani ya jeshi na shule za mji. Ikishindikana, warudi kupitia Jinhua na Chuzhou hadi Jiangxi na Anhui, wakutane na Xu Xilin. Yeye alikuwa Anqing, makao makuu ya Anhui, amejipenyeza serikalini kwa cheo cha kununua. Fedha alizitoa mfanyabiashara wa Shaoxing, Xu Zhongqing, na kiasi kinachotajwa ni yuan 50,000. Linganisheni na zile hisa 500 zisizouzika. Mwanamume mmoja alipata kwa tajiri mmoja mara tano ya mtaji ambao Qiu Jin aliuomba kwa wanawake wa China nzima.

Siku iliwekwa tarehe 6 Julai, kisha ikasogezwa hadi 19 Julai kwa sababu vikosi havikuwa tayari. Hapo ndipo mambo yalipoharibika. Habari zilitembea kwa miguu na mashua, kwa hiyo agizo la kuahirisha lilifika kwa wengine na kwa wengine likachelewa. Vyama vya siri vilikuwa na ujasiri lakini havikuwa na subira. Katika wilaya ya Sheng kundi moja liliinuka kabla ya wakati, na Wuyi na Jinhua watu wakakamatwa. Kila aliyekamatwa alijua majina.

Anqing nako, mwenzao mmoja aliyekamatwa Shanghai alitoa majina ya siri, na orodha ikafika mezani kwa gavana En Ming. Gavana, bila kujua jina mojawapo ni la nani, akamkabidhi Xu Xilin awatafute watu hao. Kisha akaagiza sherehe ya kuhitimu chuo cha polisi, iliyopangwa tarehe 8, ifanyike tarehe 6. Xu Xilin hakuwa na siku ya kupoteza. Tarehe 6 Julai 1907 alimfyatulia gavana risasi katikati ya sherehe. Alikuwa haoni mbali, na risasi nyingi ziliingia mwilini bila kugusa pa kuua papo hapo, ingawa gavana alifariki baadaye. Xu na wanafunzi wachache waliteka ghala la silaha, wakapigana saa kadhaa, wakashindwa. Aliuawa, akapasuliwa kifua, moyo ukatolewa.

Qiu Jin alisoma habari hizo katika magazeti ya Shanghai siku chache baadaye. Aliwatawanya wanafunzi, akachoma orodha, akaficha silaha. Waliomsihi akimbie hakuwasikiliza. Mchana wa tarehe 13 Julai askari wapatao 300 kutoka Hangzhou waliizingira shule.

Inasimuliwa kwamba Gui Fu alipomuuliza washirika wake ni nani, alimjibu: wewe pia umekuja Datong mara nyingi, na mistari ya sifa umetuandikia. Mkuu wa mkoa akaacha kuuliza. Hakimu wa wilaya ya Shanyin, Li Zhongyue, alikataa kutumia mateso, akampa kalamu aandike maelezo yake. Akaandika herufi saba: mvua ya vuli, upepo wa vuli, huzuni yamuua mtu.

Mstari huo si wake. Ni wa Tao Danren, mshairi wa enzi hiyo hiyo ya Qing aliyemtangulia. Lakini angalieni alichokifanya nao. Ukoo wake, Qiu, ndiyo herufi ya majira yale ya majani kupukutika ambayo sisi huyaita vuli. Aliulizwa maelezo ya kesi, akaandika jina lake mara mbili na hakutaja la mtu mwingine. Kwetu vuli ni mvua ya kupandia; kwa Wachina ni mwisho wa mwaka wa mimea, na kisheria ilikuwa na maana nyingine. Hukumu nyingi za kifo zilisubiri mapitio ya kila vuli katika mji mkuu, na wengi waliponea hapo. Yeye hakusubirishwa. Tangu vita vya ndani vya miaka ya 1850 magavana walikuwa na ruhusa ya kuua papo hapo bila mapitio, na gavana wa Zhejiang, Zhang Zengyang, aliitumia.

Aliuawa alfajiri ya tarehe 15 Julai 1907 katika njia panda ya Xuanting, katikati ya Shaoxing. Alikuwa ameomba mambo matatu: aandikie jamaa zake, asivuliwe nguo, kichwa chake kisitundikwe. Li alimkubalia mawili ya mwisho. Hilo la kichwa lilikuwa na sheria upande wake, kwani kutundika vichwa kulifutwa mwaka 1905. Li alipoteza kazi, na miezi michache baadaye akajinyonga.

Serikali haikutegemea kelele zilizofuata. Magazeti ya Shanghai hayakuwa ya wanamapinduzi, lakini yalishika jambo moja na kulirudia: hakuna ungamo lililotiwa saini, hakuna ushahidi uliotangazwa, na dola iliyoahidi katiba imemkata kichwa mwalimu wa kike. Gavana Zhang alihamishiwa Jiangsu; watu wa Jiangsu wakamkataa hadharani. Akapelekwa Shanxi, huko nako hakukaa.

Mwili ulikuwa umeokotwa na watu wa hisani na kuzikwa pembeni ya kilima. Sasa wanawake wawili wakaingia kazini. Wu Zhiying na Xu Zihua walinunua ardhi kando ya Ziwa la Magharibi, Hangzhou, wakamzika huko mwanzoni mwa 1908. Xu alitunga maneno ya jiwe, Wu akayaandika kwa brashi yake. Mwaka haukuisha, serikali ikaamuru kaburi lisawazishwe. Mifupa ikarudi Shaoxing, ikaenda Hunan kulazwa na mume aliyefariki 1909, ikapelekwa Changsha baada ya dola kuanguka, ikarejeshwa ziwani 1913, ikaondolewa tena miaka ya 1960, na tangu 1981 imetulia karibu na daraja la Xiling chini ya sanamu ya marumaru nyeupe. Kwa nini Ziwa la Magharibi hasa? Kwa sababu yeye na Xu Zihua walikuwa wametembea pale mwaka wa mwisho, wakaahidiana.

Kuna kumbukumbu moja ya mwisho katika daftari letu. Kabla ya Julai 1907 Qiu Jin alimwendea Xu Zihua, akamweleza kwamba vikosi viko tayari lakini fedha hakuna. Xu alimwaga vito vyake vya dhahabu, vya uzito wa wakia 30 za Kichina, zaidi ya kilo moja, akampa vyote. Qiu Jin akavua mikononi bangili mbili za jiwe la kijani, akamwachia rafiki yake kumbukumbu. Dhahabu iliishia katika risasi na nauli. Bangili Xu alizitunza takriban miaka 20, hadi yule binti aliyeachwa na miaka mitatu, Wang Canzhi, alipokuwa mtu mzima. Akamkabidhi mkononi, akaandika waraka mfupi kueleza jinsi bangili zilivyorudi. Muda si mrefu Wang Canzhi alivuka bahari naye, akaenda New York kusomea urubani.

Asanteni kwa kunisikiliza.